Je, ukoo wa Duke wa Devonshire unadaiwa ardhi yetu?

*"Mimi ni katibu wa kamati ya ukoo wetu, tunaishi Bonde la Ufa. Babu zetu walihamishwa kwa nguvu wakati wa ukoloni, na ardhi yao wakapewa walowezi. Mwezi uliopita alikuja mtu anayejiita mshauri wa sheria. Anasema mwaka 1923 bwana mkubwa wa Uingereza, Duke wa Devonshire, alitia saini waraka uliotamka kwamba Kenya ni nchi ya Waafrika. Kwa hiyo yeye ndiye aliyekuwa na mamlaka juu ya ardhi hii, na ukoo wake, ambao bado ni tajiri, una wajibu wa kutulipa. Eti kuna mfuko wa fidia, na kila nyumba itoe shilingi 3,000 za usajili. Wazee wamegawanyika. Nilisoma Waraka wa Devonshire shuleni, lakini sikuwahi kuelewa huyu Devonshire alikuwa nani. Alikuwa mfalme mdogo wa jimbo la Devon? Utajiri wake ulitoka kwetu? Na anayerithi cheo hicho, anarithi pia madeni ya waliomtangulia?"*

Katibu, salamu kwako na kwa wazee wa kamati.

Kabla ya historia yoyote: msitoe hizo shilingi 3,000. Mshauri wenu ameokota jambo moja la kweli, kwamba jina la Devonshire limo kwenye waraka wa 1923, akalitwisha mzigo ambao haliwezi kuubeba. Lakini wazee wanaotaka kumwamini nawaelewa. Mtu aliyenyang'anywa ardhi hutafuta uso wa kumdai, na serikali haina uso. Duke ana jina, ana kasri, ana watoto. Ni rahisi kumwelekezea kidole. Nitaeleza kwa nini kidole hicho kinaelekea pasipo penyewe, na itanibidi nirudi nyuma kidogo, kwa sababu maswali yako matatu hayajibiki bila kuujua ukoo wenyewe.

Ukoo unaitwa Cavendish. Devonshire ni jina la cheo, na desturi ya makabaila wa Uingereza ni kutia saini kwa jina la cheo peke yake, ndiyo maana hata vitabu vyetu vya shule vinamtaja kana kwamba Devonshire ndilo jina alilopewa na mama yake. Aliyehusika na waraka aliitwa Victor Cavendish, Duke wa 9 wa Devonshire. Duke ni daraja la juu kabisa kati ya madaraja matano; chini yake wanafuata Marquess, Earl, Viscount na Baron. Mfalme hutoa cheo kwa hati, na hati hiyohiyo hutamka kitarithiwa vipi. Kwa kawaida huenda kwa mwana wa kiume wa kwanza, na akikosekana, kwa mwanamume aliye karibu zaidi katika kizazi cha yule aliyepewa mwanzo. Katika karne za kale bwana wa namna hiyo aliweza kuwa na askari wake na ngome yake. Ukoo wa Cavendish ulipopata uduke, mwaka 1694, mambo hayo yalikuwa yamekwisha zamani. Kilichobaki ni heshima, na kiti katika Baraza la Malodi, yaani bunge la juu la Uingereza.

Kwa hiyo Duke wa Devonshire hatawali Devon wala hakusanyi kodi huko, na hata haishi huko. Makao ya ukoo ni Chatsworth, katika jimbo la Derbyshire, mbali kabisa na Devon. Jina lilipatikana kwa sababu lilikuwa wazi. Cheo cha Earl wa Derby kilikuwa mikononi mwa ukoo wa Stanley tangu 1485, hakikuguswa. Kile cha Devon kilikuwa cha ukoo wa Courtenay, na kilidhaniwa kimekufa pale mwenye nacho alipofariki bila mtoto mwaka 1556. Akapewa mtu mwingine mwaka 1603, naye akafa miaka mitatu baadaye bila mrithi halali. Cavendish wakakichukua mwaka 1618. Kisha mwaka 1831 Baraza la Malodi likaamua kwamba kile cha Courtenay hakikuwa kimekufa kamwe, kilikuwa kimelala tu! Ndiyo maana leo wako wawili, Earl wa Devon na Duke wa Devonshire, koo mbili zisizohusiana. Mkisikia mtu anajenga hoja ya mamlaka juu ya ardhi kutokana na jina la jimbo katika cheo, basi hajui anachokisema.

Mali ilitoka wapi? Hapa nitakaa kidogo.

Mtu wa kwanza wa ukoo huu kuacha jina kubwa alikuwa jaji, Sir John Cavendish, aliyeuawa na waasi katika maasi ya wakulima ya mwaka 1381. Lakini mali halisi inaanza na Sir William Cavendish, ofisa wa mfalme Henry VIII. Katika miaka ya 1530 mfalme alizifunga nyumba za watawa nchini kote na kutwaa ardhi yake, iliyokuwa nyingi kupita kiasi. Sir William alikuwa mmoja wa maofisa waliotumwa kuhesabu na kupokea mali hiyo. Kazi ya namna hiyo haikumwacha mtu maskini. Mwaka 1547 alimwoa mjane kijana aliyeitwa Elizabeth, mzaliwa wa Hardwick, Derbyshire, ambaye historia inamkumbuka kwa jina la Bess wa Hardwick.

Binafsi naamini huyu mama ndiye mwanzilishi wa kweli wa ukoo. Baba yake alikuwa na shamba la kiasi tu, akafa Bess angali mtoto mchanga, na sehemu ya ardhi ya familia ikawekwa chini ya usimamizi wa serikali kwa sababu mrithi alikuwa mdogo. Yaani alikua akiona jinsi ardhi inavyoweza kumtoka mtu mkononi kwa kalamu. Alimshawishi mumewe auze ardhi za kusini na kununua kwao Derbyshire, na mwaka 1549 wakainunua Chatsworth kwa pauni 600. Sir William alipofariki mwaka 1557 alikuwa anachunguzwa kwa upungufu wa zaidi ya pauni 5,000 katika hesabu za serikali, na deni hilo likamfuata mjane. Hilo deni likumbukeni, nitalirudia.

Bess aliolewa mara nne kwa jumla. Mume wa mwisho alikuwa Earl wa Shrewsbury, mmoja wa matajiri wakubwa wa nchi, na ili mali isitawanyike watoto wake wawili wakaozwa kwa watoto wawili wa huyo bwana. Kwa miaka 15 hivi mume huyo alikuwa mlinzi wa Mary, malkia wa Scotland aliyefungwa na binamu yake Elizabeth I, na mfungwa huyo alikaa Chatsworth mara kadhaa. Katika miaka ya 1590, akiwa mzee, Bess alijijengea kasri jipya la Hardwick lenye madirisha makubwa ya vioo, na juu ya minara akaweka herufi za jina lake, ES (Elizabeth Shrewsbury). Ziko hapo hadi leo. Alifariki mwaka 1608.

Mwanawe, aliyeitwa pia William, ndiye aliyepata uearl mwaka 1618, enzi ya James I. Vyeo wakati ule vilikuwa vinauzwa, na kiasi kinachotajwa kwa hiki ni pauni 10,000. Uduke ulipatikana kwa njia nyingine, siasa. Earl wa nne alikuwa mmoja wa watu saba waliotia saini barua ya Juni 1688 ya kumwalika William wa Orange aje kutoka Uholanzi kumwondoa mfalme James II. Mapinduzi yalifaulu, na shukrani ikaja mwaka 1694 kwa cheo cha Duke. Kabla ya hapo alikuwa ametozwa faini ya pauni 30,000 kwa kumpiga kanali mmoja ndani ya jumba la mfalme. Naona alikuwa mtu wa hasira za karibu.

Baada ya hapo mali iliongezeka zaidi kwa ndoa. Duke wa 4, aliyewahi kuwa waziri mkuu mwaka 1756 hadi 1757, alimwoa mrithi wa Earl wa Burlington, na kwa ndoa hiyo moja ukoo ukapata ardhi Yorkshire, majumba London na kasri la Lismore nchini Ireland pamoja na mashamba yake. Duke wa 5 alimwoa Georgiana Spencer, maarufu kwa uzuri, kwa kampeni za siasa za mwaka 1784, na kwa madeni ya kamari. Duke wa 6 hakuoa. Alitumia fedha kwa bustani. Mtunza bustani wake, Joseph Paxton, alipata mche wa ndizi uliotoka Mauritius, akauotesha ndani ya nyumba ya vioo hapo Chatsworth mpaka ukatoa maua mwaka 1835 na kuzaa, na aina hiyo ikapewa jina la ukoo. Hiyo ndiyo Cavendish, ndizi inayouzwa madukani karibu duniani kote. Kama jirani yako amepanda Grand Nain au Williams kutoka maabara, amepanda jamii ya Cavendish. Hicho labda ndicho kitu cha ukoo huu kilichofika mashambani kwetu kwa uhakika zaidi kuliko kingine chochote.

Ongeza madini ya Derbyshire, kodi za wapangaji, mji wa Eastbourne ulioendelezwa na Duke wa 7, na uwekezaji wake katika viwanda vya Barrow, uliomwingiza kwenye madeni makubwa. Kwa hiyo, utajiri ulitoka kwetu? Jibu langu ni hapana. Misingi yake ilikuwa imekamilika zaidi ya karne mbili kabla reli ya Uganda haijatoka Mombasa. Sisemi ni mali safi. Ardhi ya watawa ilitwaliwa kwa amri, na mashamba ya Ireland yalitokana na unyang'anyi wa ardhi ambao Waireland walipambana nao kwa vizazi. Mwaka 1882 Lord Frederick Cavendish, mtoto wa Duke wa 7, alichomwa visu hadi kufa katika bustani ya Phoenix, Dublin, siku ileile aliyowasili kuwa waziri wa mambo ya Ireland. Kama ni dai la ardhi dhidi ya tabaka hili, Waireland wangekuwa mbele yetu kwenye foleni.

Sasa swali la kurithi. Cheo na ardhi husafiri kwa njia mbili tofauti. Cheo hufuata hati ya mfalme. Ardhi iliwekwa chini ya mpango wa kisheria uliokomaa karne ya 17: baba na mwana mkubwa anapofikia utu uzima wanaandikiana kwamba kila mmoja atatumia mapato ya ardhi maisha yake yote, lakini hawezi kuiuza, naye atampisha anayefuata. Wazee wa pwani wataitambua mara moja, kwa kuwa inakaribiana sana na wakfu wa dhuria, yaani mali inayofungwa kwa ajili ya kizazi cha mwenye nayo. Kuna kejeli hapa ambayo siwezi kuiacha: mahakama ya rufaa ya London, Baraza la Faragha, ilikataa wakfu za Waislamu za namna hiyo, kwanza za India mwaka 1894, baadaye za Kenya mwanzoni mwa miaka ya 1950, kwa hoja kwamba kuifungia mali ndani ya familia si sadaka. Makabaila wa Kiingereza walikuwa wamefanya hivyohivyo kwa karne tatu bila hata kuiita sadaka.

Madeni je? Deni la mtu binafsi hulipwa kutoka mali aliyoiacha. Anayepokea cheo hapokei madeni pamoja nacho. Kilichoweza kuugusa ukoo ni kodi ya mirathi iliyoanzishwa mwaka 1894. Duke wa 8 alipofariki mwaka 1908 bila mtoto, mpwa wake Victor, huyu wetu wa waraka, alirithi cheo, ardhi, na bili ya kodi ya zaidi ya pauni nusu milioni. Aliuza vitabu adimu kwenda Marekani, na mwaka 1920 akaliuza jumba la Devonshire House la London, ambalo lilibomolewa baadaye. Halafu likaja pigo la 1950. Duke wa 10 alikuwa amehamisha mali mwaka 1946 ili ikwepe kodi, kwa sharti kwamba aishi miaka mitano. Alifariki Novemba 1950, miezi michache kabla ya siku kutimia, na kodi ilikuwa asilimia 80. Hardwick ya Bess ilikwenda serikalini kulipia sehemu ya kodi, kisha ikakabidhiwa taasisi ya kuhifadhi majumba ya kihistoria. Makumi ya maelfu ya ekari yakauzwa, michoro ya thamani ikatoka. Tangu 1981 jumba la Chatsworth linaendeshwa na mfuko wa hisani, na wageni hulipa kiingilio. Duke wa sasa ni wa 12, alirithi mwaka 2004. Bado ni tajiri, hilo mshauri wenu amesema kweli.

Tuje 1923 yenyewe. Victor Cavendish alikuwa mbunge wa Derbyshire kwa miaka 17, akafanya kazi hazina, akawa gavana mkuu wa Kanada kuanzia 1916 hadi 1921, na Oktoba 1922 akateuliwa Waziri wa Makoloni. Alikaa kwenye kiti hicho hadi Januari 1924. Kenya ilimfikia kama faili lenye ugomvi tayari. Wahindi, waliowazidi Wazungu maradufu kwa idadi, walitaka orodha moja ya wapiga kura, ruhusa ya kununua ardhi Nyanda za Juu, na ubaguzi wa makazi mijini uondolewe. Walowezi, wakiongozwa na Lord Delamere, walipanga hata kumteka gavana kama London ingekubali. Gavana Robert Coryndon akaenda London na wajumbe wa walowezi. Wahindi nao wakatuma wao, na kutoka India kwenyewe akaja Srinivasa Sastri. Mwafrika hakuwemo hata mmoja.

Waziri alihitaji njia ya kumnyima kila upande bila kuonekana anampendelea mwenzake. Wamisionari, hasa J. H. Oldham, walikuwa wamependekeza njia hiyo: semeni mko Kenya kama wadhamini wa Waafrika. Baraza la mawaziri likaikubali, na Julai 1923 waraka ukatoka ukitamka kwamba Kenya kimsingi ni nchi ya Kiafrika, na masilahi ya Waafrika yakigongana na ya wahamiaji, ya Waafrika yatatangulia.

Maneno mazuri sana. Soma kurasa zinazofuata. Nyanda za Juu zilibaki kwa Wazungu. Orodha moja ya wapiga kura ilikataliwa. Wahindi wakapewa viti vitano dhidi ya kumi na kimoja vya Wazungu. Ubaguzi wa makazi mijini ulifutwa kwenye karatasi. Waafrika, wenye nchi, walipata mmisionari mmoja wa kuwasemea katika Baraza la Kutunga Sheria; mwaka 1924 akateuliwa Dkt. John Arthur. Mwafrika mwenyewe, Eliud Mathu, aliingia mwaka 1944. Na mwaka huohuo wa 1923, chini ya waziri huyohuyo, Rhodesia ya Kusini (Zimbabwe ya leo) ilikabidhiwa walowezi wake wajitawale.

Kuhusu ardhi yenu, waraka haukurudisha hata ekari. Sheria zilizowaondoa babu zenu zilitangulia: ile ya 1902, kisha ya 1915 iliyowapa walowezi mikataba ya miaka 999. Mwaka 1921 Jaji Mkuu Barth aliamua kwamba Waafrika hata katika hifadhi zao, yaani maeneo waliyotengewa, ni wapangaji tu wa Taji, dola ya mfalme wa Uingereza. Mwenye ardhi, kwa macho ya sheria ile, alikuwa Taji la Uingereza. Duke wa Devonshire hakuwahi kuwa mwenye ardhi hapo kwa cheo chake, na ahadi ya kutanguliza masilahi ya Waafrika haikuwa na meno. Dhahabu ilipoonekana Kakamega, sheria ya kulinda hifadhi iliyopitishwa mwaka 1930 ilirekebishwa haraka mwaka 1932 ili wachimbaji wapite.

Hata hivyo nisiudharau waraka kupita kiasi. Uliwanyima walowezi wa Kenya njia waliyopewa wenzao wa Rhodesia, na viongozi wa Kiafrika waliutumia miaka mingi kuwaumbua watawala kwa maneno yao wenyewe. Hata kumbukumbu za ukoo zinarudi hapohapo: binti wa Victor, Dorothy, aliolewa na Harold Macmillan, ambaye akiwa waziri mkuu alitangaza mwaka 1960 upepo wa mabadiliko barani Afrika, na Duke wa 11 alikuwa naibu waziri wa mambo ya Jumuiya ya Madola katika serikali ya Macmillan huyo, mume wa shangazi yake. Watu hawa walikaa karibu na kalamu. Kalamu yenyewe ilikuwa ya serikali.

Hapo ndipo dai la mshauri wenu linapoanguka. Sir William Cavendish alidaiwa pesa zilizopotea mikononi mwake, ndipo deni likafuata mali yake. Victor alitia mkono kama waziri, kwa niaba ya baraza la mawaziri. Ofisa wa wilaya akitia saini amri ya kuwahamisha watu leo, kesho hamwendi kuwashtaki wajukuu wake kwao. Mnaishtaki serikali iliyomtuma. Mashauri ya kweli yamekwenda hivyo. Wazee wa Mau Mau walioteswa kizuizini waliishtaki wizara ya mambo ya nje ya Uingereza, nayo mwaka 2013 ikakubali kulipa pauni milioni 19.9 kwa watu 5,228. Wakipsigis na Watalai wa Kericho, waliopoteza ardhi yenye chai leo, mwaka 2022 waliipeleka serikali ya Uingereza katika Mahakama ya Ulaya ya Haki za Binadamu. Hakuna aliyemshtaki kabaila kwa cheo chake.

Wala njia hizo si laini. Kundi jingine la Wakenya wapatao 40,000 lilishindwa London mwaka 2018, kwa sababu kubwa ya muda kupita na mashahidi kufa. Mtu akiwaahidi ushindi, mtilieni shaka kwa ahadi hiyo tu.

Huenda mzee mmoja atauliza: mbona koo nyingine huomba radhi zenyewe? Ni kweli. Mwaka 2023 ukoo wa Trevelyan ulikwenda Grenada, ukaomba radhi kwa utumwa, ukatoa pauni 100,000. Lakini mababu wao walimiliki watumwa wenyewe, kwa majina na kwa hesabu, na wazao hawa walilipa kwa hiari, bila amri ya mahakama. Kuandika barua ya heshima kwa ukoo wa Cavendish kuomba, tuseme, nakala za karatasi za Victor za 1923 ni jambo linalowezekana, kwani Chatsworth ina hifadhi ya nyaraka. Barua hiyo inagharimu stempu au baruapepe. Haigharimu shilingi 3,000 kwa kila nyumba.

Nguvu zenu ningeziweka kwingine. Tume iliyoongozwa na Morris Carter, 1932 hadi 1934, ilizunguka Kenya ikisikiliza madai ya ardhi, na ushahidi wake ukachapishwa katika majuzuu matatu, pamoja na majina ya wazee, koo na mipaka waliyoidai. Yako katika Nyaraka za Taifa, Moi Avenue, Nairobi. Nendeni mkatafute kama kuna aliyewasemea babu zenu; ukurasa mmoja wa namna hiyo una uzito kuliko masimulizi yote ya waraka wa Devonshire. Faili za mawasiliano ya koloni ziko Kew, London, katika kundi la CO 533. Kabla wazee hawajaondoka, andikeni pia wanachokikumbuka: jina la mlowezi, jina la shamba, mto, mti wa mpaka, mwaka wa kuhamishwa, na mlikohamishiwa.

Mkishakusanya hayo, mwoneni wakili ana kwa ana. Suala la dhuluma za kihistoria za ardhi lina sheria yake na Tume ya Taifa ya Ardhi, lina mipaka ya muda iliyozua mabishano, na namna dai lenu linavyosimama inategemea shamba hilo leo liko kwa nani: kampuni, serikali, au wakulima wadogo waliolinunua baada ya uhuru. Mimi ni mtu wa historia. Hilo siwezi kuwaamulia kwa maandishi. Hakikisheni jina la wakili limo katika orodha ya mawakili wenye leseni ya mwaka huu, ambayo Chama cha Mawakili kinaweza kuithibitisha. Kama fedha ni shida, Kituo Cha Sheria cha Nairobi husaidia watu wasio na uwezo, hasa mambo ya ardhi.

Na huyo mshauri akirudi, mwombeni mbele ya wazee wote vitu vitatu: nambari yake ya uwakili, jina la mahakama atakayofungua shauri, na barua yenye anwani kutoka kwa huo mfuko wa fidia. Kama kuna nyumba zilizokwisha kulipa, tunzeni ujumbe wa M-Pesa wenye jina la aliyepokea, na mpeleke taarifa polisi wiki hii, kabla hajahamia kijiji cha pili.